Waliwezaje kumwabudu Zeus huku wakijua matendo yake?

Swali la msomaji: "Nimemaliza kusoma visa vya miungu wa Ugiriki ya kale na vimeniacha mdomo wazi. Zeus anajigeuza fahali ili amteke binti wa watu, na mkewe anadanganywa kila kukicha. Kronos anameza watoto wake mwenyewe. Aphrodite anafumaniwa na Ares. Hawa ndio watu waliotuachia falsafa na hesabu za pembetatu! Waliwezaje kupiga magoti mbele ya miungu wa namna hii? Waliwaamini kweli, au zilikuwa ngano za kupitishia usiku? Na Hades wa kuzimu, ndiye shetani wao? Mtu anayetaka kuwaelewa aanzie wapi?"

Jibu:

Ndugu msomaji, Wagiriki wenyewe walianza kuliuliza swali lako katika karne ya 6 KK, na baadhi yao waliliuliza kwa hasira kuliko wewe. Nitawafikia hao. Ila kwanza kuna jambo la kuweka sawa, maana likikosewa hilo, mengine yote yanakwenda kombo. Sisi tumewajua miungu hawa kupitia hadithi, basi tunadhani hadithi ndizo zilizokuwa dini. Sivyo. Wagiriki hawakuwa na kitabu kitakatifu. Hawakuwa na shahada ya kutamka wala kanuni ya imani ya kukiri, na hawakuwa na chuo cha kuwafundisha makuhani. Kuhani aliweza kuwa mtu wa ukoo fulani uliorithi kazi hiyo, au raia wa kawaida aliyeangukiwa na kura, na sherehe ikiisha anarudi shambani kwake. Dini yao ilikuwa ya kutenda: kuchinja, kumimina divai, kuandamana, kuimba, kuapa, kutimiza nadhiri.

Ushahidi wa kale kabisa tulio nao ndio unaosema hivyo. Mwaka 1952 Mwingereza Michael Ventris alifumbua maandishi ya vibao vya udongo vilivyofukuliwa Knossos, kisiwani Krete, na Pylos, kusini-magharibi mwa Ugiriki. Ikabainika kuwa ni Kigiriki, cha kati ya mwaka 1400 na 1200 KK hivi, karne nyingi kabla ya mshairi Homer. Majina yamo: Zeus, Hera, Poseidon, Hermes, hata Dionysus. Lakini hamna kisa hata kimoja. Ni daftari za bohari. Mafuta kiasi hiki kwa mungu huyu, asali kwa yule, vyombo vya dhahabu kwa Zeus na Hera. Karani wa Pylos hakuona haja ya kuandika Poseidon alimpenda nani. Aliandika Poseidon apewe nini.

Visa tunavyovisoma leo vilipangwa baadaye, na waliovipanga ni washairi. Herodotus, mwanahistoria wa karne ya 5 KK, anasema bila kuficha kwamba ni Homer na Hesiod, ambao kwa hesabu yake walimtangulia kwa miaka 400 tu, waliowapangia Wagiriki nasaba ya miungu wao, wakaeleza vyeo, kazi na sura zao. Anayesema hivyo ni Mgiriki mcha miungu, na haoni kama amekufuru. Kwake mshairi ni fundi aliyeheshimiwa mno, lakini si mtume, na alichoimba mshairi mmoja mwingine aliweza kukiimba kwa namna nyingine kabisa.

Kama umewahi kusoma Matendo ya Mitume sura ya 14, basi umeshawaona waabudu wa Zeus wakiwa kazini. Paulo na Barnaba wako Listra, mji uliokuwa katika Uturuki ya leo. Mtu aliyezaliwa kiwete anasimama na kutembea, na umati unapiga kelele kwamba miungu wameshuka kwa umbo la wanadamu. Barnaba anaitwa Zeu, na Paulo, kwa kuwa ndiye msemaji, anaitwa Herme. Tazama kinachofuata. Kuhani wa Zeu haji kuhoji mafundisho wala kutaka maelezo ya mambo ya Europa, yule binti uliyemtaja, na fahali. Anakuja mbio na ng'ombe pamoja na mashada ya maua hadi malangoni, tayari kuchinja. Mungu akifika mjini, jambo la kwanza ni apewe haki yake.

Nikusogeze karibu na madhabahu uone jinsi kazi hiyo ilivyofanywa katika mji wa Kigiriki wa karne ya 5 KK. Madhabahu yako nje, uwanjani, chini ya jua. Hekalu lile kubwa la nguzo ni nyumba ya sanamu ya mungu; watu hawakusanyiki ndani. Maandamano yanakuja. Msichana mmoja yuko mbele na kikapu kichwani. Ndani yake kuna punje za shayiri, na chini ya shayiri kimefichwa kisu. Mnyama amefungwa tepe za sufu, na sherehe ikiwa kubwa pembe zake zimepakwa dhahabu. Watu wananawa mikono, mnyama ananyunyiziwa maji kichwani ili atikise kichwa kana kwamba amekubali, kisha shayiri inarushwa. Kuhani anakata nywele chache za paji la uso la mnyama na kuzitupa motoni. Sala inasomwa kwa sauti, watu wamesimama, mikono imeinuliwa juu. Hapo ndipo nikurekebishe kidogo: kupiga magoti hakukuwa desturi yao ya kawaida. Mgiriki alisali wima.

Kisu kinaposhuka, wanawake wote wanapiga vigelegele. Damu inakingwa na kumwagiwa madhabahu. Mifupa ya mapaja inafungwa kwa mafuta na kuteketezwa, moshi unapanda juu, na hilo ndilo fungu la mungu. Ini, moyo, figo na mapafu vinachomwa kwenye mishikaki na kuliwa pale pale na waliosimama karibu. Nyama iliyobaki inachemshwa na kugawiwa. Kwa raia wengi wa Athens nyama ya ng'ombe ilipatikana kwa njia hii, kwenye sikukuu ya mungu, kwa gharama ya mji.

Bila shaka umejiuliza kwa nini mungu apewe mifupa na watu wale minofu. Wagiriki nao walijiuliza, na Hesiod ana jibu. Anasimulia kwamba huko Mekone, Prometheus alimgawa ng'ombe mafungu mawili. La kwanza lilikuwa nyama nzuri iliyofichwa ndani ya tumbo la ng'ombe lisilotamanisha. La pili lilikuwa mifupa mitupu iliyofunikwa mafuta yanayong'aa. Zeus akaambiwa achague, akachukua mafuta. Mtu akikisoma kisa hiki peke yake ataona mungu mkuu anayetapeliwa kama mtoto sokoni, ingawa Hesiod anaongeza haraka kwamba Zeus alijua. Lakini msikilizaji wa Hesiod alikuwa amekula nyama ya tambiko maisha yake yote, na kwake kisa kilieleza jambo alilokuwa akilifanya tayari. Desturi ilitangulia, maelezo yakafuata. Ukilishika hili, nusu ya visa vinavyokukera vitabadilika mbele ya macho yako.

Sasa tuje kwa Zeus mwenyewe, maana ndiye aliyekuudhi zaidi.

Zeus wa hadithi ni mmoja. Zeus wa ibada walikuwa wengi, kila mmoja na mahali pake na kazi yake. Zeus Herkeios alikaa uani, ndani ya ukuta wa nyumba. Zeus Ktesios alikaa stoo, naye alikuwa chungu: chungu kipya chenye mfuniko na vishikio, vishikio vikizungushiwa sufu nyeupe, ndani yake maji safi, mafuta ya zeituni na matunda ya kila aina. Huyo ndiye aliyelinda akiba ya familia. Zeus Xenios aliwasimamia wageni, na kumdhulumu mgeni ilikuwa kumchokoza yeye. Zeus Hikesios aliwapokea waliokimbilia hifadhi. Zeus Meilichios alichorwa kama joka kubwa lenye ndevu, na aliombwa radhi.

Athens walikuwa na utaratibu ambao naupenda sana, kwa sababu unajibu swali la imani kuliko kurasa mia za ufafanuzi. Raia aliyechaguliwa kuwa mmoja wa maakida tisa wa mji alihojiwa kwanza. Baba yako nani na ni wa kata gani? Mama yako nani? Je, una Apollo wa mababu na Zeus wa uani, na madhabahu yao yako wapi? Makaburi ya ukoo wako yako wapi? Unawatendea vyema wazazi wako? Unalipa kodi? Umekwenda vitani ulipoitwa? Kisha mashahidi wanaitwa. Hakuna anayemuuliza kama anaamini kwamba Zeus yupo. Anaulizwa Zeus wake yuko wapi, jinsi anavyoulizwa wazazi wake wakoje.

Na Zeus wa kiapo, Horkios, alikuwa wa kutisha. Sanamu yake ilisimama katika jumba la baraza huko Olympia, radi mkono wa kulia na radi mkono wa kushoto. Kabla ya mashindano, wanariadha, baba zao, kaka zao na makocha wao walisimama mbele yake juu ya vipande vya nyama ya nguruwe dume, wakaapa kwamba hawatafanya hila. Wanariadha waliapa pia kwamba wamefanya mazoezi miezi kumi mfululizo. Mwaka 388 KK bondia Eupolus kutoka Thessaly aliwahonga wapinzani wake, akagundulika. Yeye na waliopokea walitozwa faini, na fedha zile zikatengenezewa sanamu sita za shaba za Zeus, zikawekwa kwenye njia ya kuingilia uwanjani ili kila mshindani azipite. Vitako vya sanamu hizo viko pale hadi leo. Huyo ndiye Zeus aliyeogopwa. Aliyekiuka kiapo chake hakujitetea kwa kusema "mbona na yeye alimdanganya mkewe Hera".

Kwa nini basi hadithi zimpe wanawake wengi hivyo? Hapa inabidi uitazame ramani. Ugiriki haikuwa nchi moja. Ilikuwa miji huru zaidi ya elfu moja, imetawanyika kuanzia Hispania hadi Bahari Nyeusi, na kila mji, kila ukoo wa kitawala, ulitaka asili yake ianzie juu kabisa. Wakrete walikuwa na mfalme wao Minos, basi Zeus alimzaa na Europa. Argos walikuwa na Perseus, basi Zeus alimwingilia Danae kwa umbo la mvua ya dhahabu. Watu wa kisiwa cha Aegina walitokana na Aiakos, mwana wa Zeus na msichana aliyeitwa Aegina, jina la kisiwa. Waarkadia walitokana na Arkas, mwana wa Zeus na Kallisto. Wafalme wa Sparta walijihesabu wajukuu wa Herakles, mwana wa Zeus na Alkmene, na wafalme wa Makedonia, ukoo wa Aleksanda, walidai babu huyo huyo. Kila mji ulisimulia ndoa au tendo moja tu, lile lililouhusu, na ulijivunia. Washairi ndio waliokusanya visa vyote kapu moja. Vikimwagwa pamoja katika kitabu kimoja cha leo, Zeus anaonekana mhuni asiye na mfano.

Sitaki hata hivyo kuvisafisha visa hivyo kupita kiasi. Wasichana wengi ndani yake hawakuulizwa, na Wagiriki waliliona hilo. Katika tamthilia ya Euripides iitwayo Ion, Kreousa, binti wa mfalme wa Athens, anamshtaki Apollo waziwazi kwamba alimkamata akichuma maua, akamvuta pangoni huku akimlilia mamaye, kisha akamwacha na mimba na aibu. Maneno hayo aliyasema mbele ya umati wa Waathene, na ni miongoni mwa mashtaka makali zaidi dhidi ya mungu yaliyobaki kutoka zama za kale. Hakuna aliyemfungia Euripides mdomo.

Na hili linanipeleka kwenye jambo ambalo watu wa dini za kitabu huona gumu kulimeza. Hadithi ilikuwa huru; tambiko halikuchezewa. Katika Odyssey, utenzi wa Homer, kitabu cha 8, mwimbaji anaimba karamuni jinsi Hephaistos, mume wa Aphrodite, alivyomnasa mkewe na Ares kitandani kwa wavu mwembamba kuliko utando wa buibui, miungu wakaja mlangoni wakaangua kicheko. Waliokuwa wakisikiliza nao walifurahi. Mwaka 405 KK, kwenye sikukuu ya Dionysus mwenyewe, mungu wa divai, mtunzi wa vichekesho Aristophanes alimpandisha Dionysus jukwaani akiwa mwoga anayejiendea haja kwa hofu. Kuna mahali mungu huyo anamgeukia kuhani wake, aliyekaa kiti cha mbele kama ilivyo haki yake, anamwomba amwokoe. Kuhani akakaa pale akatazama, na mchezo ulishinda tuzo ya kwanza.

Lakini miaka kumi kabla, mwaka 415 KK, Waathene waliamka asubuhi moja wakakuta sanamu za Hermes zilizosimama milangoni na njia panda zimevunjwa nyuso. Mji mzima uliingiwa na hofu. Jeshi lilikuwa linajiandaa kuvuka kwenda Sicily, na Hermes ndiye mlinzi wa wasafiri. Uchunguzi ukafanyika, na ndani yake likaibuka shtaka jingine zito zaidi, kwamba vijana wa familia kubwa, Alcibiades akiwemo, wameigiza kwa mzaha siri za Eleusis, yaani ibada za faragha za Demeter, mungu mke wa nafaka, majumbani mwao kwenye ulevi. Watu waliuawa. Wengine walikimbia wakaacha mali zao zikapigwa mnada, na sehemu ya orodha ya mali hizo ilichongwa kwenye mawe ambayo yamebaki. Alcibiades, jemadari wa vita vile, aliitwa arudi kujibu mashtaka, akatorokea kwa adui. Kumfanyia Dionysus mzaha jukwaani kulipata tuzo. Kuigiza tambiko la Demeter sebuleni kulileta hukumu ya kifo.

Waliouliza kama wewe ni hawa. Xenophanes wa Kolophon, katika karne ya 6 KK, alilalamika kwamba Homer na Hesiod wamewabebesha miungu kila linaloitwa aibu kwa wanadamu: wizi, uzinzi na kudanganyana. Akasema pia kwamba Waethiopia huwachora miungu wao weusi wenye pua bapa, na Wathrakia huwachora wao wenye macho ya buluu na nywele nyekundu, na ng'ombe wangekuwa na mikono wangechora miungu wenye sura ya ng'ombe. Plato, karne mbili baadaye, alitaka watoto wa mji wake bora wasisimuliwe kabisa kisa cha Kronos. Hata hivyo wote wawili hawakusema madhabahu yabomolewe. Katika mji huo huo wa kufikirika, Plato anaagiza kwamba mambo ya mahekalu na dhabihu yaulizwe kwa Apollo huko Delphi. Kesi ya Socrates ya mwaka 399 KK ndiyo inayotia doa uhuru huo, maana alishtakiwa kwamba hawatambui miungu wanaotambuliwa na mji na analeta viumbe wapya wa kiroho, akahukumiwa kunywa sumu. Siasa za baada ya vita zilichangia sana, lakini shtaka lililoandikwa lilikuwa hilo.

Unauliza waliamini kweli? Nitakujibu kwa usiku mmoja. Tarehe 27 Agosti 413 KK, jeshi la Athens lililokwama Syracuse, huko Sicily, lilikuwa limeamua kuondoka kwa siri baharini. Kila kitu kilikuwa tayari. Mwezi ukapatwa. Askari wengi waliingiwa na hofu wakawataka makamanda wangoje, na jemadari Nicias, mtu aliyependa sana mambo ya uaguzi, akasema hatajadili hata kuondoka mpaka zipite siku 27 walizotaja waaguzi. Adui akatumia siku hizo kufunga bandari. Jeshi zima likaangamia. Nicias aliuawa, na mateka wasiopungua 7,000 wakatupwa machimbo ya mawe, wakafa kwa njaa, joto na maradhi. Na ujue kwamba mwanafalsafa Anaxagoras alikuwa ameshafundisha hapo hapo Athens, miaka mingi nyuma, kwamba mwezi hupatwa dunia inapouzibia nuru ya jua. Elimu ilikuwepo. Nicias hakuwa mjinga; aliamini.

Ukitaka upande wa faraja, nenda Epidaurus kwa Asklepios, mungu wa uponyaji. Wagonjwa walilala usiku katika ukumbi wake wakingoja kuota, na waliopona walichongewa habari zao kwenye mawe. Huko Corinth wachimbaji wamekuta hekaluni kwake mikono, miguu, masikio na matiti ya udongo, kila kimoja kimeletwa na mtu kwa ajili ya kiungo kilichokuwa kikimuuma. Huwezi kuvitazama vitu vile ukasema ni vya watu wanaopitisha usiku kwa ngano.

Sasa Hades. Hapana, si shetani, wala hakaribii. Homer anasimulia kwamba ndugu watatu, wana wa Kronos, walipiga kura: Zeus akapata mbingu, Poseidon bahari, Hades giza la chini, na ardhi ikabaki ya wote. Hades ni mfalme halali wa milki yake. Hamshawishi mtu atende dhambi, hapigani na Zeus, hafurahii mateso. Anawapokea wafu na hawaachii. Hata adhabu za kina Sisyphus na Tantalus ni za watu wachache waliowakosea miungu. Wafu wa kawaida, wema kwa wabaya, huko ni vivuli tu. Watu waliogopa kumtaja jina, wakapendelea kumwita Plouton, mwenye utajiri, kwa kuwa nafaka hutoka chini ya ardhi. Mahekalu yake yalikuwa machache mno. Elis walikuwa na moja lililofunguliwa mara moja kwa mwaka, na aliyeingia ni kuhani peke yake. Filamu za siku hizi zinamhitaji adui, basi zimempa kazi ya Ibilisi ambayo Wagiriki hawakumpa yeyote.

Na kupitia Hades ndipo nakushauri uanzie: utenzi wa kale wa kumsifu Demeter, ulioimbwa kama karne ya 7 au ya 6 KK na kuhesabiwa miongoni mwa zile ziitwazo za Homer. Si mrefu, una mistari kama 495. Hades anamnyakua Persephone, binti wa Demeter, akichuma maua, kwa idhini ya Zeus, mama hajaambiwa. Demeter anazunguka siku tisa na mienge mikononi, hali wala haogi. Anafika Eleusis, kilomita 20 hivi kutoka Athens, amejigeuza bibi kizee, anaketi kisimani. Mabinti wanne wa mfalme wanakuja kuteka maji kwa mitungi ya shaba, wanamwonea huruma, wanamchukua nyumbani akawe yaya. Pale anakataa divai, anaomba maji yaliyochanganywa na shayiri na mnanaa. Usiku anamlaza mtoto wa mfalme kwenye makaa ya moto ili amfanye asife, mpaka mama mtoto anapochungulia na kupiga ukunga. Mungu mke anakasirika, anajidhihirisha, anadai hekalu, anajifungia humo. Kisha anaficha mbegu ardhini isiote. Njaa inaingia duniani.

Soma polepole mahali hapo, maana ndipo Zeus anaposhindwa. Watu wakifa, nani atachinja? Miungu watakosa dhabihu zao. Mfalme wa mbingu anawatuma wajumbe mmoja baada ya mwingine kumbembeleza mama aliyefiwa, na mama hageuki. Mwishowe Hermes anashushwa kuzimu kumleta binti, ila Hades ameshamlisha punje ya komamanga, hivyo theluthi ya mwaka atakuwa chini kwa mumewe na theluthi mbili juu kwa mamaye. Demeter anaachia mbegu, na anawafundisha wakuu wa Eleusis ibada zake.

Ibada hizo zilifanyika kila mwaka kwa zaidi ya miaka elfu moja, hadi mwishoni mwa karne ya 4 BK watawala Wakristo walipopiga marufuku dhabihu na Wagothi wa Alaric wakaipita nchi ile. Wanaume, wanawake na hata watumwa walikubaliwa, mradi waelewe Kigiriki na mikono yao isiwe na damu ya mtu. Waliandamana kwa miguu kutoka Athens, walifunga, walinywa kinywaji kile cha shayiri, wakaingia ukumbini usiku. Walichokiona ndani kilifungwa vinywani mwao kama mambo ya jando na unyago, na maelfu kwa maelfu walikufa nacho. Tunajua tu kwamba walitoka wakiwa na tumaini juu ya kifo.

Baada ya utenzi huo, soma Iliad, utenzi mwingine wa Homer, kitabu cha 1 na cha 24, kisha tamthilia ya Euripides niliyoitaja. Vile vitabu vyenye orodha ya "miungu 12" na kazi zao viweke pembeni kwanza. Orodha haikuwa moja. Kisa kinachorudiwa kila mahali kwamba Hestia alimwachia Dionysus kiti chake hakimo katika maandishi yoyote ya kale. Na huko Olympia, kwenye ngome ya Zeus mwenyewe, waliohesabiwa katika wale 12 ni pamoja na Kronos yule mmeza watoto, mkewe Rhea, na Alpheios, mto unaopita kando ya uwanja wa michezo.